Mama yake Refat na Mwanamuziki wa Tirana

Tirana, 9 Novemba 1959

Mama Zenepe,

Salamu nyingi kutoka kwangu na kwa mke wangu Eftali. Hujambo? Na goti lako je, lile linalokusumbua ukipanda ngazi? Sisi hatujambo, ila mvua ya Tirana haina adabu, inaingia hata chini ya mlango.

Baada ya salamu, barua hii ni ya kushukuru. Nilifika kijijini kwenu Shkallëz mtu nisiyejulikana, na nyumbu aliyebeba mashine ya kunasia sauti, nawe ukanifungulia kabla sijataja jina langu. Nimekula mtindi wako na asali yako. Nimelala kitanda cha mwanao Refat, ambacho nasikia hakikuwa kimelaliwa na mtu tangu vita. Na siku ya nne, uliponiona nafunga mizigo, ukasema, "Keti, kijana. Bado hujasikia ulichokuja kusikia."

Mama, nimesoma muziki Moscow miaka mitano. Nimekaa kumbi kubwa, nimesikia watu wanaosifiwa dunia nzima. Lakini ulipoanza kumlilia Refat, na wale majirani wawili wakakushikia iso, ile sauti ya chini inayokaa palepale ili mwenye kulia asianguke, nilisahau hata kubadilisha utepe. Ndiyo maana mwisho wa wimbo haumo. Uko kichwani mwangu tu.

Umeniambia wimbo ule si wa kusikilizishwa watu, kwa kuwa ni mazungumzo yako na mtoto wako. Nimeandika hivyo juu ya boksi lake. Naahidi.

Eftali anakutumia kitambaa cha kichwa. Amekichagua mwenyewe, kisipokupendeza mlaumu yeye.

Ni mimi mgeni wako,
Ligor Bezhani


Shkallëz, 20 Januari 1960

Bwana Ligor,

Salamu. Mimi mzima, goti bovu, mbuzi wazima. Theluji imefika dirishani. Wewe na mkeo hamjambo?

Barua yako imefika, na kitambaa kimefika. Mwambie mkeo nimekivaa harusini na wanawake wakauliza ni cha wapi. Nikajibu cha Tirana, nikanyamaza, wakaumia.

Usishangae mwandiko. Nimejifunza kuandika nikiwa na miaka arobaini na miwili, baada ya vita, pale shuleni, nimekaa dawati la watoto magoti yamegusa kidevu. Nilitaka kuandika neno moja tu, jina la mwanangu, maana kwenye jiwe la kaburi lake walilikosea. Nililiandika kwa mkaa kwenye karatasi, nikampelekea fundi mawe. Mengine yote niliyojifunza ni nyongeza.

Umeshukuru sana kwa mtindi. Ulikuwa mtindi tu. Lakini ulisikiliza vizuri. Wengi wanaokuja hapa wanasikiliza kama watu wanaosubiri zamu yao ya kusema. Wewe ulikaa kimya hadi chai ikapoa. Kwa hilo nakushukuru mimi.

Njoo wakati wa kuvuna plamu.

Mama yake Refat


Shkallëz, 6 Desemba 1964

Ligor,

Sikuulizi hali leo.

Jumapili iliyopita tumeitwa ukumbini kusikiliza redio. Mwenyekiti wa ushirika alisema, njooni, yule kijana wa nyumbu ametunga muziki mkubwa, umepewa tuzo. Nikavaa kitambaa cha mkeo. Nikakaa mbele.

Zikapigwa ngoma na matarumbeta, nikasema sawa, ni kelele nzuri. Halafu ikaimba kwaya. Watu mia sijui mia mbili, wanaimba kilio changu. Nilikijua kuanzia pumzi ya kwanza. Jirani yangu Hajrie alinishika mkono. Nikangoja wafike pale ninapomwita. "Ee Refat, umelala wapi na mvua inanyesha." Wakafika. Wakasema, "Ee nchi."

Ee nchi, Ligor? Nchi imelala wapi na mvua inanyesha?

Ukumbi mzima ulipiga makofi. Mimi nilikuwa nimempoteza mara moja, darajani, mwaka arobaini na nne. Jumapili nimempoteza tena, na watu wanapiga makofi.

Usilete barua.

Mama yake Refat


Tirana, 11 Februari 1974

Mama Zenepe,

Salamu. Sijui kama u mzima, natumaini u mzima. Uliniambia nisilete barua, na kwa miaka tisa nimetii, ingawa kutii kwangu kulikuwa pia woga. Leo naandika kwa sababu huenda sitapata nafasi nyingine.

Labda umesikia. Mwaka jana wakubwa waliamua kwamba baadhi yetu muziki wetu umechafuka kwa mambo ya kigeni. Nilisimamishwa mbele ya wenzangu, nikasomewa orodha ya makosa. Wenzangu niliokula nao miaka kumi na tano walitazama viatu vyao. Nimeondolewa kazini. Tepu zangu ziko kabatini na ufunguo si wangu. Mwezi ujao napelekwa kaskazini, kwenye mgodi. Kifua changu si kizuri, Eftali anajua, ndiyo maana analia jikoni akidhani simsikii.

Lakini sikuandika ili unihurumie. Naandika kuhusu wimbo wako.

Kwa miaka hii nimejiambia kwamba nililazimishwa. Si kweli. Hakuna aliyeniamuru kulitoa jina la Refat. Nilikaa mezani kwangu, asubuhi yenye jua, nikafikiri: jina la kijana mmoja wa kijiji kimoja ni dogo mno kwa orkestra kubwa. Nikaandika "nchi". Nikajiona mwerevu. Na ahadi niliyokupa niliikanyaga kwa sababu muziki ulikuwa mzuri na mimi nilitaka uitwe wangu.

Leo wameniondolea jina langu mimi, kwenye vitabu, hata kwenye redio. Nyimbo zangu zikipigwa, mtangazaji hasemi ni za nani. Sasa najua inavyouma, na mimi bado niko hai na hakuna anayenililia.

Nisamehe ukiweza. Usipoweza, nitaelewa. Asante kwa kunifungulia mlango ule mwaka hamsini na tisa.

Ligor


Shkallëz, 3 Machi 1974

Ligor,

Salamu kwako na kwa Eftali. Mimi mzima, goti limekufa lakini linatembea. Na yeyote anayefungua barua hii kabla yako naye namsalimu, aifunge vizuri akimaliza.

Barua yako nimeisoma mara mbili. Sijakusamehe. Lakini nilivaa koti nikaenda mjini Tepelenë, ofisi ya wilaya. Nilishuka kwa miguu hadi barabarani, pale nikapata lori la mahindi, dereva akanipandisha mbele.

Ofisini nikaambiwa mkubwa ana kikao. Nikakaa kwenye kiti chake. Akaja, akanikuta, akaona medali ya Refat kifuani kwangu, akashindwa kuniambia niondoke.

"Mama, nikusaidie nini?"

"Kuna mtu mnampeleka mgodini. Ligor Bezhani. Namtaka Shkallëz."

"Mama yangu, mtu huyo amekosea."

"Amekosea nini?"

"Muziki wake una mambo ya kigeni."

"Ya kigeni? Wimbo wake mkubwa aliuiba kwangu. Mimi ni mgeni?"

Akafunika mdomo kwa mkono, nadhani alikuwa anacheka. Nikamwambia, mwalimu wa kwaya yetu amehamia Vlorë, na mbuzi wa ushirika wamekosa mchungaji. Nataka mtu mmoja wa kufanya yote mawili. Akasema kuna utaratibu. Nikamwambia, "Mwaka arobaini na nne nyie mliniomba mtu mmoja wa kupigana, na sikuwaambia kuna utaratibu. Nilimfungia mkate nikampa. Leo mimi ndiye naomba mmoja. Na huyu nasikia hata hafai, ana kifua kibovu."

Alitia saini wakati lori linapiga honi nje.

Njoo na soksi nzito. Eftali asilie, huku hewa ni nzuri kwa kifua. Usidhani utapumzika. Mbuzi ni mia na themanini na wana akili kukuzidi.

Mama yake Refat


Tirana, 18 Novemba 1979

Mama yangu Zenepe,

Salamu nyingi, nyingi kuliko zinavyoingia kwenye karatasi. Hujambo? Hajrie hajambo? Yule beberu mweusi aliyenichukia amepata mtu mwingine wa kumchukia? Mimi na Eftali wazima. Wakubwa wameniruhusu, nimerudi kitandani kwangu, lakini naamka alfajiri kabla ya saa kulia, nikitafuta viatu vya kuchungia.

Miaka mitano na nusu hatukuhitaji barua. Nilikuwa hatua mia tatu kutoka mlangoni kwako, ukitaka kunitukana ulisimama barazani tu. Sasa basi, yale ambayo sikuweza kuyasema tukiwa tunatazamana, nayaandika.

Asante kwa siku ya kwanza. Nilishuka kwenye lori nikiwa nimeandaa hotuba ya kuomba radhi, uliponiona ukasema, "Umekonda. Mbuzi watadhani wewe ni mti." Kijiji kizima kilikuwa kimesimama kuangalia kama utanipa mkono au la. Ukanipa ndoo ya mtindi nibebe. Wakajua ni ruhusa kunisalimu.

Asante kwa ukumbi. Mwalimu wa kwaya, mtu mwenye shahada kutoka nje, na wewe ukanikataza kufundisha. "Kwanza ushike iso," ulisema. Mwaka wa kwanza wote nilishika iso. Nikijaribu kupandisha sauti kidogo ili iwe tamu, fimbo yako ilinigusa mguuni. "Wewe hapo si wa kusikika. Wewe ni sakafu." Mwaka wa pili nikakuuliza lini nitaimba juu, ukajibu, "Bado unaimba kama mtu anayesoma." Nilikasirika. Nilichunga wiki nzima bila kukusemesha. Halafu siku moja kule juu, mbuzi wakiwa kivulini, nikawa nafikiria wazee wote niliowanasa kwenye tepu zangu. Nilikuwa nimeandika nota zao bila kosa. Majina yao nilikuwa nimeyaandika pembeni, kwa penseli, mengine nusu. Nilitunza sauti nikawaacha watu. Siku hiyo ndipo nilipoanza daftari la majina. Nilikwenda nyumba hadi nyumba nikiuliza, wimbo huu ulifundishwa na nani, na huyo naye na nani. Ulidhani nazurura.

Asante kwa ile baridi ya sabini na sita. Nilipokohoa damu, daktari alikuwa mbali na njia imefungwa na theluji. Uliniweka kitandani kwa Refat kwa mara ya pili, ukanipa maziwa moto na vitunguu hadi nikaomba kufa kuliko kunywa kingine. Nilikusikia ukimwambia Hajrie jikoni, "Huyu hafi. Nimechoka na kuzika." Ulisema kwa hasira kabisa, kama mtu anayekataza. Mama, nadhani nilipona kwa sababu ya ile hasira.

Mwishowe, nimefanya jambo nililodhani litakufurahisha. Kazi yangu wameanza kuipiga tena, kimyakimya. Nimechukua kitabu cha orkestra nikaondoa kilio chako chote. Kurasa kumi na tisa. Hakitaimbwa tena mbele za watu, kama ulivyotaka.

Eftali anakubusu mikono yote miwili.

Mwanao,
Ligor


Shkallëz, 5 Januari 1980

Ligor,

Salamu kwako na kwa Eftali. Mimi mzima, nashukuru, na ninayemshukuru, ambaye siku hizi hatajwi, anajua mwenyewe. Beberu mweusi amekufa. Hajrie anasema ni kwa upweke.

Umeandika mengi mazuri, nimefurahi, nimelia kidogo, imetosha. Sasa nikugombeze.

Umeondoa wimbo? Nani kakutuma? Nilitaka jina, kichwa kigumu wee, sikutaka ukimya! Ni kweli zamani nilisema usisikilizishwe watu. Wakati ule nilidhani nikimficha atabaki wangu. Lakini wanawake walionishikia iso wakati ule, mmoja ameshaondoka, na Hajrie siku hizi anasahau hata alipoweka miwani, nayo iko puani. Mimi nikienda, nani atamwita? Jiwe halitamki.

Zirudishe hizo kurasa. Lile neno lako "nchi" litoe, mweke Refat mahali pake. Waimbe hao watu mia mbili. Watamke vizuri, mkazo uko mwishoni, siyo mwanzoni kama wasemavyo watu wa Korçë, mji wako wa kuzaliwa.

Na sasa usikie hili, maana sijawahi kulisema. Ule mwaka wa theluji, siku ulipoamka ukaomba mkate, ndiyo siku niliyokusamehe. Sikukwambia kwa sababu ungeacha kuchunga kwa bidii.

Zenepe


Tirana, 22 Oktoba 1986

Mama yangu mpendwa,

Salamu. Hujambo? Macho yanaendeleaje baada ya upasuaji? Mjukuu wa Hajrie anakusomea barua bila kuruka maneno? Mwambie namfahamu. Sisi wazima. Eftali amenenepa, mimi sijanenepa, nyumbani tunalaumiana.

Nina habari mbili.

Ya kwanza. Wiki iliyopita, baada ya kuomba miaka sita, ule muziki umepigwa hapa Tirana ukumbini, mzima, kurasa zote kumi na tisa. Wiki tatu za mazoezi niliwahangaisha wanakwaya kwa neno moja. Mmoja alininung'unikia, "Mwalimu, ni jina tu." Nikamweleza wewe ni nani. Baada ya hapo hakunung'unika mtu.

Walipofika pale, orkestra yote ilinyamaza, ikabaki iso peke yake, wanaume arobaini, chini kabisa, kama ulivyonifundisha kwa fimbo. Halafu mwanamke mmoja akamwita. Nilikuwa nimesimama pembeni ya jukwaa. Mama, palikuwa na watu mia nane, na wote walilisikia jina. Mwishoni, afisa mmoja mkubwa wa jeshi alinijia, macho mekundu, akauliza, "Huyo Refat ni nani?" Nikasema, "Ni mtoto wa Zenepe wa Shkallëz." Akaitikia kwa kichwa kama mtu aliyejibiwa kitu kikubwa. Akasema naye alikuwa na kaka.

Ya pili iko kwenye kifurushi hiki. Kitabu. Nyimbo mia mbili na kumi na nne za milima yenu, na chini ya kila wimbo jina la aliyeimba, kijiji chake, alizaliwa lini, alijifunza kwa nani, nani alimshikia iso, na maneno mawili matatu ya maisha yake. Wachapishaji walisema majina yanakula karatasi. Niliwajibu waondoe dibaji yangu kama karatasi haitoshi. Wakaiondoa. Ni kitabu kizuri zaidi bila hiyo dibaji.

Wimbo wako ni wa kwanza. Kila kilichomo humo nimekipata kwa sababu mwanamke mmoja alikataa kutoka kwenye kiti cha mtu. Asante, mama. Sina neno jingine, na nimelitafuta.

Mwanao,
Ligor


Shkallëz, 14 Februari 1987

Ligor,

Salamu kwako na kwa Eftali, anenepe tu, ni haki yake. Mimi mzima. Macho yanaona mlima, hayaoni herufi. Anaandika mjukuu wa Hajrie, mimi nasema, na nimemkataza kunyoosha maneno yangu.

Kitabu kimefika, na nyumba yangu si yangu tena. Wanakuja tangu mchana, wanaleta mikate ya jibini na jozi, wanakaa hadi kwenye ngazi, na huyu binti anawasomea. Hawaulizi nyimbo, nyimbo wanazijua. Wanauliza majina. "Babangu yumo?" "Yumo, ukurasa wa sabini na mbili." Mtu mzima na masharubu yake anakaa chini, anaomba asomewe tena. Mama mmoja amekuja kutoka Progonat, mwendo wa saa nne kwa miguu kwenye tope, kwa sababu amesikia dada yake aliyekufa yumo. Yumo. Alishika ule ukurasa kama unavyoshika shavu la mtu.

Malalamiko pia yapo, usidhani. Mzee Selfo anadai umemwongezea miaka mitatu, sasa mkewe amejua umri wake. Hajrie anasema umeandika kwamba alinishikia iso vizuri, lakini hukuandika "vizuri sana". Nikamwambia atoe shukrani hata kwa hiyo vizuri.

Ule muziki pia niliusikia redioni. Niliwatoa watu wote, nikausikiliza peke yangu. Walitamka sawasawa. Alipoitwa, nikaitika mimi, kwa sauti, humu ndani. Sijui kwa nini. Nilijisikia mwepesi, nikaenda kukanda unga.

Nakushukuru, Ligor. Sijui kushukuru kwa maneno marefu kama wewe. Ulikuja na nyumbu, ukakosea, ukarudi, ukashika iso. Wengi wanakosea tu.

Ila nami nina lalamiko langu, na hili ulipeleke kwa wachapishaji, walirekebishe wakichapa tena. Ukurasa wa kwanza, chini ya wimbo wangu, umeandika: "Zenepe Dalani, aliyezaliwa 1905, mkulima, mjane, mama wa mtoto mmoja, aliyeanguka vitani." Nimemfanya binti arudie mara tatu nikidhani kasoma vibaya. Mtu msomi kama wewe, umehesabu mbuzi wetu miaka mitano hukupoteza hata mmoja, halafu unashindwa hesabu ndogo hivi?

Waandike: mama wa watoto wawili. Mmoja alianguka vitani. Mmoja yuko Tirana, ana kifua kibovu, na haandiki nyumbani inavyotakiwa.

Mama yako,
Zenepe